Kendu na Kijiji Kilichozama

Msafiri atokaye Kisumu kwenda Kendu kwa nchi kavu hana budi kuizunguka Ghuba ya Winam. Kwanza huvuka uwanda wa Kano wenye udongo mweusi na mashamba ya mpunga. Hupita Ahero na Katito, huvuka mto Sondu, ndipo auonapo mbele yake mlima Homa, uliotoa moto hapo kale. Kimo chake ni zaidi ya mita 1,700, nao umesimama peke yake kando ya ziwa. Kendu iko kabla ya kuufikia mlima huo, katika nchi ya Karachuonyo.

Mji ni mdogo, lakini una mambo yake. Zamani meli za Kisumu zilitia nanga hapa, zikishusha abiria na kupakia mazao ya wakulima. Mwaka 1906 wamisionari Waadventista, Arthur Carscallen na mwenzake Peter Nyambo, mtu wa nchi iitwayo sasa Malawi, walijenga karibu na hapa, mahali paitwapo Gendia. Baadaye ukawekwa huko mtambo wa kupiga chapa vitabu. Waislamu nao wana msikiti wao mjini.

Lakini jambo linalowavuta wageni zaidi ni Simbi Nyaima, ziwa dogo la mviringo lisilo mbali na ziwa kubwa. Maji yake ni ya kijani na yana magadi, wala hayanyweki. Huko huonekana heroe wengi wakitafuta chakula chao ukingoni.

Wazee husimulia kwamba pale palikuwa na kijiji. Usiku mmoja wa mvua watu walikuwa katika ngoma na pombe, akaja bibi kizee akiomba mahali pa kuota moto. Wakamfukuza. Mwanamke mmoja tu alimkaribisha, naye akaonywa atoke upesi. Alipokwisha kutoka, maji yalibubujika, kijiji kikazama na watu wake wote. Wataalamu wa miamba husema kwamba shimo lile lilichimbwa na mlipuko wa volkeno. Hata hivyo hadithi ina mafunzo mawili: usimfukuze mgeni, na usidhani kwamba nchi ukaayo haiwezi kugeuka maji.

Fundisho hili la pili si la hadithi tu. Mvua kubwa za mwaka 1961 na miaka iliyofuata zililiinua Ziwa Viktoria kwa zaidi ya mita 2, hata kufikia kilele chake mwaka 1964. Maji yaliposhuka, watu walirudi ukingoni, na si ajabu: udongo wa pale una rutuba, na mboga hustawi hata wakati wa kiangazi. Wengine wakajenga. Mwaka 2020 maji yalirudi mahali pake pa zamani, na mwaka 2024 yakapita hata kiasi kile cha 1964. Nyumba na mashamba mengi ya Karachuonyo yakafunikwa, na watu wakahama na mifugo yao.

Basi, mkulima apataye kiwanja kando ya ziwa na amwulize mzee wa pale maji yalifika wapi mwaka 2024. Chini ya alama hiyo na apande mboga; nyumba na aijenge juu yake. Ziwa hukopesha ardhi, halitoi.