Mchuzi Usio na Kitunguu

Ukitaka kujua vile kitunguu kimetawala maisha ya Mkenya, jaribu kuishi bila. Sukuma ina kitunguu. Mayai ya kibandani yana kitunguu. Nyama choma inakuja peke yake, halafu kachumbari inarundikwa kando yake kabla hujasema neno. Mwaka jana nilikaa wiki sita bila kitunguu na bila thomu, na kazi kubwa haikuwa njaa. Kazi ilikuwa kuwaeleza watu.

Tumbo langu limekuwa na maneno yake tangu chuo. Linavimba jioni, linanguruma katikati ya mkutano, na kuna siku linanikimbiza chooni mara nne kabla ya saa nne. Kenya hii ukisema tumbo linauma, kila mtu ni daktari na kila ugonjwa ni vidonda. Shangazi atakwambia unywe maziwa baridi. Jirani atakuletea mshubiri kwa chupa ya soda. Nilipimwa: vidonda hakuna, amiba hakuna. Jina nililopewa mwishowe ni IBS, yaani utumbo ambao ukiutazama ni mzima, ila unafanya kazi kwa fujo na unashtuka upesi.

Mtaalamu wa lishe akanianzishia mpango wa FODMAP, uliotengenezwa na watafiti wa Chuo Kikuu cha Monash kule Melbourne, Australia. Kuna aina za sukari na wanga ambazo utumbo mwembamba hauwezi kuzifyonza vizuri. Zinavuta maji, zinateremka hadi utumbo mpana, bakteria wanazichachua, gesi inajaa. Watu wengi hawasikii kitu. Sisi wengine tunasikia kila kitu. Kwenye orodha kuna kitunguu, thomu, ngano, maharagwe, maziwa. Kwa ufupi, chapo dondo na chai ya maziwa, mlo ulionisomesha. Na yale maziwa ya shangazi? Petroli kwenye moto.

Mpango wenyewe una awamu tatu. Unaondoa vyote kwa wiki 2 hadi 6, unarudisha kimoja kimoja ukijipima, kisha unabaki na orodha yako binafsi. Hauwekwi kuwa wa maisha, na si wa kujianzishia kwa sababu umeona video.

Wiki ya tatu nilikuwa nimechoka na wali na kuku wa kuchemsha. Nilikuwa nimeanza kukataa mialiko pia, maana kueleza utumbo wako mbele ya watu wanane mezani ni noma. Halafu mamangu akapiga simu kutoka Mombasa: anakuja Nairobi kunitembelea. Nikamweleza hali. Akanyamaza kidogo, kisha akasema, "Mwanangu, mchuzi usio kitunguu ni mchuzi ama ni maji ya moto?"

Kwetu watu hula sinia moja. Mwenye sahani yake kando ni mgeni au mgonjwa, na mamangu hangekubali niwe chochote kati ya hivyo viwili. Mimi pia sikutaka. Nilitaka kitu ambacho yeye, kakangu, wifi yangu na mimi tungetia mkono pamoja, bila mtu kunihurumia.

Msaada ulitoka Brazili. Huko jimbo la Bahia kuna mchuzi unaitwa moqueca: samaki aliyekolezwa ndimu, akapangwa chunguni na nyanya, hoho na dania, akapikwa kwa tui la nazi na mafuta ya mawese. Ukisoma hivyo unasikia Mombasa kabisa, na sababu ipo. Wareno walichukua nazi kutoka Bahari ya Hindi, wakazipanda Cape Verde, na katika karne ya 16 zikafika Brazili. Mawese ni ya Afrika Magharibi, na yaliingia chunguni huko pamoja na Waafrika waliovushwa utumwani. Nyanya na pilipili nazo zilikuja kwetu kutoka Amerika. Kwa hivyo mtu akiniambia nimeharibu mchuzi wa Waswahili kwa mambo ya kigeni, namuuliza nyanya alizitoa wapi.

Moqueca ya kawaida ina kitunguu na thomu. Hapo ndipo sayansi iliniokoa. Ile sukari ya thomu inayosumbua, fruktani, inayeyuka kwenye maji lakini haiyeyuki kwenye mafuta. Ukikaanga punje za thomu taratibu kwenye mafuta pekee, kisha ukazitoa zote kabla maji yoyote hayajaingia, mafuta yanabaki na ladha na fruktani inaondoka na punje. Ukizitia kwenye mchuzi halafu uzitoe, umechelewa. Mafuta hayo nayatumia siku hiyohiyo. Kuyaweka nje kwa siku kadhaa ni hatari, yanaweza kuotesha bakteria wenye sumu. Kitunguu nacho kina mlango wa nyuma: majani mabichi ya kitunguu cha majani yanaruhusiwa, ile sehemu nyeupe ndiyo unaacha.

Nilienda City Market asubuhi, nikanunua kilo moja ya nguru na robo kilo ya kamba. Nikakoleza kwa ndimu, chumvi, manjano na tangawizi. Mafuta yangu ya thomu yakatangulia sufuriani, kisha majani ya kitunguu, nyanya mbili, hoho moja ya kijani na mchaichai uliopondwa. Samaki juu. Tui nililipima, robo kikombe kwa kila mtu, kwa sababu hata nazi ikizidi inanisumbua. Pilipili niliiweka pembeni kwa anayetaka. Hukorogi, unatikisa sufuria tu, samaki asivunjike. Kamba wanaingia dakika nne za mwisho, la sivyo unatafuna raba.

Mamangu alikaa kwenye stuli jikoni muda wote, mikono imekunjwa. Nilipotoa punje za thomu na kuzitupa, alishusha pumzi kama mtu aliyeona pesa zikichomwa.

Tulikula sinia moja. Alionja, akaongeza wali, akaongeza tena. Hakusifu. Aliuliza tu mchaichai nimenunua wapi. Kisha, akichambua mwiba, akasema, "Bibi yako harusini alikuwa hali biriani. Wali mkavu na kipande cha samaki, basi. Sisi tukisema anadeka."

Hakuna aliyejibu. Biriani ya Mombasa ni kilo kwa kilo za vitunguu vya kukaanga. Bibi alifariki miaka mingi iliyopita na sitawahi kujua tumbo lake lilikuwa na nini. Ila nilimwona, mwanamke mzima ameketi kwenye jamvi la harusi, anachekwa na wanawe, na hana hata jina la kuwapa.

Siku hizi niko awamu ya kurudisha. Maharagwe robo kikombe napita. Chapati moja sawa, mbili ninajuta. Thomu bado imegoma. Jana mamangu amenitumia ujumbe wa sauti, nyuma yake mafuta yanachacharika. Anajaribu samaki wa kupaka kwa majani ya kitunguu, na anataka kujua punje za thomu azitoe zikiwa na rangi gani.