Mary Jane na bidoni ya petroli

Juma hili tunaacha kidogo habari za likelemba. Jumamosi, baada ya mkutano, tuliangalia filme moja ya zamani sana kwenye telefone ya mwenzetu. Ni ya Uingereza, ya mwaka 1903, haina sauti, na inakwisha kwa dakika nne hivi. Aliyeitengeneza ni George Albert Smith, na anayecheza ndani ni bibi yake, Laura Bayley.

Mary Jane ni mtumishi wa nyumba. Asubuhi anaamka na usingizi bado machoni. Anapaka viatu rangi, anajichora masharubu nayo, anajicheka katika kioo. Moto haushiki. Basi anachukua petroli, anatukonyeza jicho sisi tunaomwangalia, anaimwaga katika jiko. Pu! Anatokea kwenye bomba la moshi, anaruka juu ya mapaa, vipande vyake vinaanguka. Halafu tunaona kaburi, na mzimu wake unatoka humo kutafuta bidoni yake!

Tulicheka mpaka machozi. Kisha mama mmoja akakunja mkono wa blauzi, akatuonyesha kovu linaloanzia kwenye kiwiko. Alikuwa na miaka 11, makala yalikuwa yamelowa mvua, na bidoni ilikuwa pale pale karibu na mbabula. Hakuna aliyecheka tena.

Sisi walimu tunafundisha darasani kwamba petroli ikimwagwa juu ya makala yenye moto inatoa mvuke, mvuke ndio unaoshika, na moto unapanda mpaka kwenye bidoni iliyo mkononi. Watoto wananakili, tunawapa pointi. Kesho yake alfajiri tunamwamsha msichana wa nyumbani: fanya mbio, chai!

Kitu kimoja katika filme hakikutupendeza. Wenye nyumba hawaonekani. Nani aliweka petroli kando ya jiko? Nani alitaka moto ushike haraka? Kicheko chote kinamwangukia mtumishi.

Tangu siku ile, nyumba sita za kikundi chetu zimeondoa bidoni jikoni. Makala tunayaweka jioni chini ya bati, tunawashia magunzi ya mahindi yaliyokauka. Chai inachelewa, na bwana mmoja amekwisha kulalamika.

Mama mwenye kovu aliomba tumwonyeshe tena pale mzimu unapotafuta bidoni. Safari hiyo alicheka yeye peke yake.