Mdaiwa Anapofariki: Kumbukumbu za Masjala ya Madai

Sehemu kubwa ya maisha ya kazi ya mwandishi wa tawasifu hii ilipita katika masjala ya mahakama nchini Tanzania, ambamo mashauri ya madai, yaani yale yanayohusu haki baina ya watu na si makosa ya jinai, husajiliwa na majalada yake kutunzwa hadi hukumu itolewe. Na kwa kuwa mashauri ya ardhi aghalabu huchukua muda mrefu, kufariki kwa mdaiwa kabla ya shauri kuamuliwa lilikuwa jambo la kawaida.

Kifo hicho hakimalizi shauri iwapo haki inayodaiwa inaendelea dhidi ya mali ya marehemu: dai la kiwanja au la deni hubaki, ilhali dai la kashfa huzikwa pamoja na mdaiwa. Amri ya XXII, kanuni ya 4, ya Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai, Sura ya 33, humtaka mdai aombe mwakilishi wa kisheria wa marehemu aunganishwe katika shauri, na Sheria ya Ukomo, Sura ya 89, humpa siku 90 za kuwasilisha ombi hilo. Zikipita, shauri hukoma dhidi ya marehemu, wala mdai hawezi kufungua jingine kwa madai yaleyale, isipokuwa anaweza kuomba ukomo huo utenguliwe kwa sababu ya kutosha.

Ugumu wa kazi ya karani ulikuwa katika kueleza nani hasa ni mwakilishi huyo. Wadai wengi walifika na muhtasari wa kikao cha ukoo wakiamini kwamba mtoto mkubwa au mjane aliyetajwa humo amekwisha kuwa msimamizi wa mirathi, ilhali kikao hupendekeza tu na mahakama ndiyo huteua, na kuthibitisha uteuzi huo kwa barua ya usimamizi. Zaidi ya hayo, muda ulimbana mdai, ambaye hakuwa na sauti katika familia ya marehemu, wakati ndugu walioweza kuomba usimamizi hawakuwa na sababu ya kuharakisha. Na mdai aliyeona haya kuwauliza kabla ya arobaini kumalizika alikuwa amekwisha kupoteza karibu nusu ya muda wake. Baadhi ya ndugu waliukwepa usimamizi wakihofia kulipa kwa mali zao wenyewe, ingawa msimamizi huwajibika kwa kiasi cha mali ya marehemu iliyomfikia.

Kwa sababu hiyo makarani wapya waliopitia mikononi mwa mwandishi walifundishwa kwanza kuuliza tarehe ya kifo na kuiandika kwenye jalada, kisha kumweleza mdai kwamba kuipa familia pole na kuiulizia mirathi ni mambo mawili yasiyopingana.