Aibu Waliyomwachia Shakeela

Nililelewa Tanga nikiamini kwamba mwanamke anayecheza picha za wakubwa amejitupa mwenyewe, na aliyejitupa haokotwi. Imani hiyo nilisafiri nayo hadi Chennai, kusini mwa India, nilikokwenda kusoma. Huko ndiko ilikonitoka, na aliyeing'oa ni mwanamke ambaye sijapata hata kumpa mkono: Shakeela, mwigizaji wa picha hizo.

Mwishoni mwa 2020 alijitokeza kwenye Cooku with Comali, shindano la mapishi na vichekesho katika televisheni ya Kitamil. Vijana aliopika nao walimwita mama. Mwenye nyumba wangu, ambaye jina hilo alikuwa akilitaja kwa kunong'ona, alimshangilia sebuleni mbele ya wajukuu mpaka fainali. Nikataka kumjua.

Shakeela aliacha shule, akaingia kwenye filamu akiwa bado binti ili nyumbani kwao kuliwe. Katikati ya miaka ya 1990 alicheza filamu ya Playgirls pamoja na Silk Smitha, nyota aliyetamba kwa dansi katika sinema za kusini, ambaye alikutwa amefariki nyumbani kwake Chennai mwaka 1996, akiwa na miaka 35. Kisha mwaka 2000 ikatoka Kinnarathumbikal, filamu ya Kimalayalam. Ilitengenezwa kwa pesa kidogo, ikajaza kumbi za jimbo la Kerala. Nyingine nyingi zikafuata, nazo zikauza hadi filamu za mastaa wakubwa wa kiume zikatikisika. Wenye kumbi walivuna, wasambazaji walivuna. Shakeela mwenyewe amesimulia kwamba watengenezaji walichomeka vipande vya utupu vya mwanamke mwingine bila yeye kujua, na watazamaji wakaamini ni yeye. Wimbi lilipopita, waliovuna walibaki waheshimiwa. Jina chafu aliachiwa yeye.

Hapo ndipo nilipogeuka. Kumbi zile hazikujazwa na wanawake waliojitupa. Zilijazwa na waume za watu na baba za watu, wakatoka na heshima zao mkononi. Naye aliyeambiwa haokotwi ameokota wengine: amemchukua kuwa bintiye mwanamke aliyebadili jinsia, na mwaka 2013 alichapisha kitabu cha maisha yake bila kujificha nyuma ya mtu.

Sasa naishi Dar es Salaam. Video ya binti ikivuja na kuzungushwa WhatsApp, siifungui wala siisambazi. Nauliza kwenye kundi: nani alirekodi, nani anauza, nani anaomba atumiwe? Wapo wanaonitukana, na wapo akina dada wanaonifuata pembeni kunishukuru.

Ndugu yangu unayesoma, nakusihi nawe uulize hivyo kabla hujamhukumu binti wa watu. Kama biashara hii ina aibu, basi igawanywe kwa wote walioila faida yake, na wa kwanza kuhesabiwa awe mwenye pesa.