Vigae Chini ya Msingi

Mwaka juzi mama alipata kiwanja Igombe, mwendo mfupi tu kutoka ziwani. Siku ya kuchimba msingi, kwenye kona ya pili, koleo la fundi likatoa vigae vya vyungu, vitano au sita hivi, pamoja na kipande cha jiwe jeupe chenye makali. Kigae kimoja kilikuwa na vidoto vidogo vilivyopangwa kwa mistari, kama mtu aliyekuwa na muda wake.

"Mayu, hizi takataka za watu wa zamani," fundi akamwambia mama. "Zinafaa kifusi."

Mama akanigeukia mimi, msomi wa nyumba. Nilinyamaza. Fundi alikuwa analipwa kwa siku, saruji imeshashushwa, na mvua zilikuwa zinakaribia. Zege likamwagwa. Kile chenye vidoto nikakitia mfukoni.

Ukimya wangu unanisumbua kwa sababu nilikuwa najua kidogo. Shuleni tulikariri ngazi: kwanza wawindaji na waokotaji, wasio na chochote mkononi, halafu wakulima wanakuja na vyungu na chuma. Kumbe ziwa letu limeikataa ngazi hiyo. Kuna ufinyanzi ambao wanaakiolojia wanauita Kansyore, kwa jina la kisiwa kidogo ndani ya Mto Kagera. Waliouanza, miaka kama 8,000 iliyopita, walikuwa wawindaji na wavuvi. Hawakuwa na shamba wala ng'ombe, ila vyungu walikuwa navyo, tena vyenye nakshi. Upande wa Kenya wameacha marundo ya makome waliyokula. Huku kwetu kusini, utafiti uliochapishwa mwaka 1969 ulieleza vigae vyao kutoka Nyang'oma, chini ya mwamba.

Sisemi kigae changu ni cha kwao. Ninachosema ni kwamba kabla ya kukimwagia zege ningeweza kuuliza.

Tarehe 3 Agosti 1858, John Hanning Speke alifika Mwanza akaliona ziwa, akalipa jina la malkia wake. Hakujua Kiswahili vya kutosha. Kiongozi wake, Sidi Mubarak Bombay, aliongea naye Kihindustani. Kwa hiyo habari za ziwa zilitoka kwa wenyeji, zikapitia kwenye Kiswahili, zikaingia Kihindustani, ndipo zikafika kwenye daftari la Kiingereza. Baadaye Wajerumani nao wakaja, na lile jiwe linaloinuka majini pale mjini tukaliita Bismarck. Mpaka leo tunapigia picha pale, tunatuma kwa ndugu, na jina tunalitamka bila kujikwaa.

Kumcheka Speke ni rahisi, na mimi nimemcheka sana. Lakini siku ile Igombe mimi nilifanya nini? Nilikuta watu chini ya udongo, nikawaacha waitwe takataka. Sisi Wasukuma nasi tulifika tukakuta watu, na kuna waliokuwepo kabla ya hao. Hakuna hata jina moja ambalo wale wavuvi walijiita wenyewe lililotufikia. Na wanaoishi kwa kuwinda na kuchimba mizizi hawajaisha. Wahadzabe wako kule Ziwa Eyasi, wana simu na wana kesi za ardhi, lakini sisi tukiwataja tunawasema kama watu wa jana.

Sheria ya Mambo ya Kale ya mwaka 1964 inalinda kifaa chochote kilichotengenezwa na binadamu hapa nchini kabla ya mwaka 1863, na anayekiona anatakiwa kutoa taarifa. Niliusoma mwaka huo mara mbili. Ni miaka mitano tu baada ya Speke kusimama hapa. Huenda ni hesabu tu ya miaka mia kurudi nyuma, lakini kwetu huku mstari huo umepita karibu kabisa na nyayo zake.

Nyumba imekwisha, mama anaishi humo. Kigae kiko kwenye droo, kimefungwa kwenye karatasi niliyoandika mahali kilipotoka na kina cha shimo. Wiki ijayo nakipeleka ofisi ya serikali.

Shimo la choo cha nje bado halijachimbwa. Nimemwambia fundi safari hii akiona kitu asimame, anipigie. Amekubali. Mama naye ameuliza nani atalipa siku za fundi kusubiri. Nimesema mimi, ingawa sijui zitakuwa ngapi.