Aliyeipa Serengeti Sauti

Mwalimu mmoja wa sekondari mjini Singida alizaliwa kando ya ziwa Singidani. Tangu utotoni alizoea kuwaona heroe wakitua majini alfajiri, pasipo zumari wala ngoma ya kuwatangulia. Kelele zao wenyewe na harufu ya magadi vilitosha. Kwa hiyo alipoitazama filamu ya Kijerumani Serengeti darf nicht sterben, yaani Serengeti Isife, ya mwaka 1959, hakuwastaajabia nyumbu. Aliistaajabia nafsi yake. Machozi yalimlengalenga. Akazima sauti, akarudia picha zile zile. Nyumbu walipita kama awali, lakini machozi hayakuja.

Filamu hiyo ni kazi ya Bernhard Grzimek na mwanawe Michael, aliyefariki tarehe 10 Januari 1959 ndege yao yenye milia ya punda milia ilipoanguka. Mwaka 1960 ilipata tuzo ya Oscar. Baba na mwana wamezikwa ukingoni mwa kreta ya Ngorongoro, na wageni huonyeshwa makaburi yao. Aliyetunga muziki, Wolfgang Zeller (1893–1967), ni nadra kutajwa.

Mwalimu akaanza kumtafuta. Alikuta kwamba mwaka 1926 Zeller alitunga muziki wa filamu ya vivuli ya Lotte Reiniger, iliyochota visa vyake katika Alfu Lela Ulela, kitabu ambacho msomaji wa Kiswahili hana haja ya kuelezwa. Akafurahi, alimwona kama jamaa wa mbali. Furaha hiyo haikudumu. Mwaka 1940 mtu huyo huyo aliutunga muziki wa Jud Süß, filamu iliyotengenezwa kwa matakwa ya Goebbels ili Wayahudi wachukiwe. Na mwaka 1947 aliutunga wa Ehe im Schatten, inayomlilia mwigizaji na mkewe Myahudi waliojiua kwa mateso ya utawala ule ule. Kati ya chuki na maombolezo, miaka 7; na mkono ni mmoja.

Sasa chozi lake mwenyewe alihesabu upande gani? Nyumbu walistahili kutetewa, na hilo hakulikana. Lakini katika mwaka ule ule wa 1959 sheria iliigawa nchi ile: Serengeti ikabaki ya wanyama, na Wamaasai waliochunga humo wakahamia upande wa Ngorongoro. Mwalimu ni mtoto wa mfugaji. Alijua malisho ni nini kwa mwenye ng'ombe.

Wiki iliyofuata aliwaonyesha wanafunzi picha za makundi yanayoonekana kutoka angani, mara mbili, kwanza bila sauti. Msichana mmoja akanyosha mkono: "Samahani, Mwalimu, wenyeji wa hapo wako wapi?"

Mara ya pili, muziki ukiwapo, darasa zima lilitazama kimya, na hakuna aliyeuliza neno.