Mashabiki Walicheka, Kumbe Mbwa Anakata Roho

Mrembo mmoja wa hapa Dar, jina kapuni, ana kijibwa cheupe ambacho mashabiki wake wa Instagram wanakijua kuliko wanavyomjua mama yake mzazi. Juzi kati usiku alikuwa laivu, chipsi kuku mezani, anapiga stori. Akamtupia mbwa kipande cha mfupa. Kawaida yake.

Dakika haijaisha, mbwa akaanza kujikwangua mdomo kwa miguu ya mbele, anarudi nyuma nyuma, udenda unamtoka. Watu wakafurahi: "Anacheza huyo!" Emoji za kucheka zikamwagika, na dada wa watu akasogeza simu karibu ili waone vizuri.

Aliyeshtuka ni mlinzi wa geti, mzee ambaye siku zote pale ndani anaitwa "we mlinzi", alikuwa anapita dirishani. "Dada, huyo hachezi. Mfupa umemkaba."

Akaingia bila hata kuvua viatu. Akampanua mdomo: fizi zimeshaanza kuwa za bluu, mfupa hauonekani. Hakuchokonoa kwa kidole, maana ukichokonoa usichokiona unakisukuma ndani zaidi. Akamnyanyua miguu ya nyuma, kichwa chini, akampiga kwa kiganja katikati ya mabega. Kimya. Tena. Kimya. Pigo la nne mfupa ukarukia kwenye zulia, mbwa akavuta pumzi.

Walioangalia walikuwa wengi. Aliyeona ni mmoja.

Asubuhi daktari wa mifugo alimkagua mbwa koo, maana hata kitu kikitoka, huenda kimeacha mchubuko ndani. Akamwambia mrembo ukweli: mfupa uliopikwa hukatika vipande vyenye ncha kali. Gunzi la mahindi, kokwa la embe, soksi, vizibo vya soda, mpira mdogo unaoingia wote mdomoni, vyote visikae sakafuni. Na kama mbwa ni mkubwa, habebeki, unamkumbatia kwa nyuma, mikono chini tu ya mbavu, unasukuma kwa nguvu kwenda juu na mbele.

Video ile imeshafutwa. Ndoo ya taka sasa ina mfuniko. Na "we mlinzi" siku hizi anaitwa baba.

Mdau mwenye mbwa, hebu chungulia chini ya meza yako sasa hivi. Kuna nini?